Chuo cha Ualimu Kinapofutiwa Utambuzi: Njia ya Rufaa

Mzazi wa Kagerankanda, wilayani Kasulu, anapouza maharage na mahindi ili kumpeleka mwanawe chuo cha ualimu, hanunui majengo wala sare. Anatafuta cheti kitakachokubaliwa na Serikali. Utambuzi wa chuo ukiondolewa, majengo hubaki palepale, lakini thamani ya cheti hutikisika. Kwa sababu hiyo tumeona vema kueleza njia ambayo sheria imeacha wazi kwa chuo kilichopatwa na jambo hilo.

Vyuo vya ualimu visivyo vya Serikali hupata uhalali wao kwa kusajiliwa chini ya sheria, hasa Sheria ya Elimu, Na. 25 ya mwaka 1978, iliyorekebishwa mwaka 1995. Anayesajili aweza pia kufuta usajili, masharti yakivunjwa. Hatupingi mamlaka hayo, maana mwalimu aliyefundishwa vibaya huwaumiza watoto wa vizazi kadhaa. Tunalouliza ni hili: je, uamuzi umefikiwa kwa haki?

Swali hili ni la kale. Mwaka 1718 Chuo Kikuu cha Cambridge, Uingereza, kilimvua shahada zake Dkt. Richard Bentley, mwanatheolojia mashuhuri, bila kumpa nafasi ya kujitetea. Mahakama iliamuru arudishiwe. Mmoja wa majaji alikumbusha kwamba hata Mungu hakumfukuza Adamu bustanini kabla ya kumwita na kumwuliza. Kanuni hiyo leo imo katika Katiba yetu, ibara ya 13(6)(a): mtu ambaye haki zake zinaamuliwa na mahakama au chombo kingine apewe fursa kamili ya kusikilizwa, na awe na haki ya kukata rufaa au kupata nafuu nyingine ya kisheria.

Chuo basi kifanye nini? Kwanza, kijibu kwa maandishi kila hoja ya wakaguzi, kikiambatanisha vielelezo: orodha ya walimu na sifa zao, kumbukumbu za udahili, taarifa za ukaguzi uliopita. Chuo kinachonyamaza kikiandikiwa kitapata shida kudai baadaye kwamba hakikusikilizwa.

Pili, kiombe sababu za uamuzi kwa maandishi, kisha kitumie kwanza njia ya rufaa iliyowekwa na sheria inayokihusu. Kwa kawaida mahakama hukataa kumpokea aliyeruka ngazi hiyo.

Tatu, ngazi hiyo ikiisha, kuna Mahakama Kuu. Hapa lazima tutofautishe mambo mawili. Rufaa huuliza kama uamuzi ulikuwa sahihi. Mapitio ya mahakama huuliza kama ulifikiwa kwa njia halali. Jaji hahesabu vitabu vya maktaba. Huangalia kama mamlaka yalivuka mipaka, yalikataa kusikiliza, au yaliamua pasipo sababu ya maana. Akiridhika, aweza kuubatilisha uamuzi; lakini mara nyingi shauri hurudi kwa mamlaka yaleyale yaamue upya kwa utaratibu ulio halali.

Muda ni mfupi. Kwa kanuni za mwaka 2014, maombi ya ruhusa hupelekwa ndani ya miezi 6 tangu uamuzi. Ruhusa ikitolewa, maombi yenyewe hufuata ndani ya siku 14. Zamani mashauri ya mkoa wa Kigoma yalisafiri hadi Tabora. Sasa Mahakama Kuu ina masjala Kigoma mjini.

Lakini rufaa ya chuo haimlindi mwanafunzi moja kwa moja. Mwezi Februari 2016 Tume ya Vyuo Vikuu ilifuta kibali cha vyuo vya Mtakatifu Yosefu huko Songea, na wanafunzi wakahamishiwa kwingine. Mwezi Mei mwaka huohuo, maelfu ya wanafunzi wa stashahada maalumu ya ualimu waliondolewa Chuo Kikuu cha Dodoma, ingawa chuo chenyewe hakikufutwa. Baadaye wengi walipangiwa vyuo vya ualimu vya Serikali, kikiwamo cha Kasulu. Nchini India, sheria ya mwaka 1993 juu ya elimu ya walimu yaruhusu rufaa kwa Baraza la Taifa, tena yaagiza kwamba kufutwa kuanze tu mwisho wa mwaka wa masomo unaofuata taarifa ya uamuzi. Kwa hiyo aliye darasani hupata nafasi ya kuendelea na masomo kwa muda.

Kwa hiyo yatupasa wenye vyuo tusiwafiche wanafunzi wala wazazi barua ya onyo inapofika. Tukate rufaa pale tulipoonewa. Tukiri na kurekebisha pale tulipokosa. Na kwa vyovyote, matokeo ya kila mwanafunzi yatunzwe yakiwa kamili, ili akihamishwa asianze upya. Mzazi aliyeuza maharage yake anastahili kuambiwa ukweli mapema.