Kamera ya Belgrade katika vita vya Algeria

Mkanda wa sinema wa milimita 35 hupita ndani ya kamera kwa kasi ya mita 27 hivi kila dakika. Kwa hiyo roli ya mita 30, iliyozoeleka katika kamera ndogo za habari za miaka ya 1950, ilikwisha baada ya dakika moja na sekunde chache tu. Hesabu hii naiweka mbele kwa makusudi, maana ndiyo iliyotawala kila picha aliyoipiga Stevan Labudović: alilazimika kuchagua kabla hajabonyeza.

Alizaliwa Berane, Montenegro, mwaka 1926. Baada ya Vita Kuu ya Pili aliajiriwa na Filmske novosti ya Belgrade, taasisi ya dola iliyotengeneza filamu za habari, akawa mpiga picha wa Rais Tito wa Yugoslavia. Alifuatana naye katika ziara za ng'ambo, zikiwemo zile za meli ya Galeb. Kazi hiyo ilikuwa na mpangilio unaotabirika: mgeni atashuka ngazi, gwaride litakaguliwa, maua yatatolewa. Mpiga picha hujua mapema asimame wapi.

Mwaka 1959 akapelekwa mahali ambapo hapakuwa na lolote la kutabiri. Waalgeria walikuwa vitani tangu tarehe 1 Novemba 1954, lakini Ufaransa ilikataa hata kuviita vita. Sheria yake ilikuja kulikubali neno hilo mwaka 1999. Chama cha ukombozi, FLN, kilihitaji picha za kuikanusha kauli hiyo ya Ufaransa mbele ya dunia. Labudović akaishi na wapiganaji kwenye mpaka wa Tunisia, ambako Wafaransa walikuwa wamejenga uzio wa umeme uliotegeshewa mabomu ya ardhini.

Hapa ndipo ninapomvulia kofia. Mkanda wa wakati ule ulihitaji mwanga mwingi, na wapiganaji walivuka usiku. Saa za hatari kuliko zote, kwa sehemu kubwa, hazikuweza kupigwa. Tunachokiona ni mchana wa vita: nyuso, mazoezi, wakimbizi, watu wanaongoja giza. Tena mikanda ilisafishwa Belgrade, kwa hiyo mpigaji hakuweza kujua papo hapo kama mwanga ulitosha au kama lenzi iliingia vumbi. Aliendelea tu, kwa kuutegemea mkono wake.

Algeria ikapata uhuru Julai 1962. Yugoslavia ilikuwa imeshaitambua serikali yake ya muda Septemba 1961, wakati wa mkutano wa kwanza wa nchi zisizofungamana na upande wowote, uliofanyika Belgrade. Urafiki huo wa kisiasa uliwatuma wengine pia: mwaka 1967 Dragutin Popović alitengeneza filamu ya Venceremos kuhusu FRELIMO, chama cha ukombozi wa Msumbiji kilichokuwa na makao yake Dar es Salaam.

Yugoslavia yenyewe haipo tena, ila mikanda ipo Belgrade, mingi ikiwa haina sauti, kwani kamera za habari zilinasa picha tupu. Mtengenezaji filamu Mila Turajlić aliwahi kumhoji Labudović uzeeni, kabla hajafariki mwaka 2017, naye akayasimulia mwenyewe aliyoyapiga. Filamu mbili za Turajlić kutokana na hazina hiyo zilitoka mwaka 2022, na humo sauti ya mzee inasikika juu ya picha zilizokaa kimya miaka sitini.