"I am sorry": pole, samahani au masikitiko?

Maneno ya Kiingereza "I am sorry", ambayo mwanafunzi wa Kitanzania huzoea kuyafasiri kwa "samahani", yanakusanya mambo ambayo Kiswahili kimeyatenga, yaani kumhurumia aliyepatwa na jambo, kukiri kosa na kuomba msamaha, na kusikitika tu bila kutaja mkosaji. Katika Kiswahili msemaji hana budi kwanza kujua yeye ana nafasi gani katika lililotokea. Ndani ya daladala ya Mbagala saa za jioni, abiria aliyemkanyaga mwenzake husema "samahani, mama", ilhali jirani asiyehusika kwa lolote humwambia aliyekanyagwa "pole", naye hujibu "nimeshapoa", pasipo yeyote kudhani kwamba jirani huyo amejitwika kosa. Pole hiyo hiyo hupewa mfiwa wa Tandika, na vilevile mtu anayetoka kazini Manzese. "Samahani" nayo hufungua swali kwa mtu usiyemjua, kama vile "samahani dada, gari la Temeke linapita hapa?", ambapo kinachoombewa radhi ni usumbufu mdogo tu. "Sori" ya vijana wa Kinondoni inatosha kwa kugongana mlangoni. Msibani ni utovu wa adabu.

Tofauti hii huwa nzito zaidi katika kauli za wakuu wa nchi. Tarehe 31 Oktoba 2023, jijini Nairobi, Mfalme Charles wa Tatu alieleza huzuni na majuto makubwa kwa ukatili waliotendewa Wakenya wakati wa ukoloni, akasema hauna kisingizio, lakini hakuomba radhi. Siku iliyofuata, mjini Songea, Rais Frank-Walter Steinmeier wa Ujerumani aliomba msamaha kwa yaliyotendwa na Wajerumani katika Vita vya Maji Maji. Hadhari ya Waingereza inaelekea kuwa ya kisheria, kwa kuwa kukiri kosa huweza kufungua mlango wa madai ya fidia. Hata mwaka 2013, ilipokubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa Wakenya zaidi ya 5,000 walioteswa wakati wa vita vya Mau Mau, serikali yao ilitamka majuto huku ikiendelea kukana dhima, yaani wajibu wa kisheria. Mwandishi wa habari anayeandika kwamba mfalme "aliomba radhi" Nairobi amemtia mdomoni maneno ambayo hakuyasema.