Kichwa kinawasha: Tuoshe nywele mara ngapi?

Na Mwandishi Wetu, London

Ukiwauliza Waswahili watatu wanaoishi huku ughaibuni wanaosha nywele mara ngapi, usishangae kupata majibu matatu tofauti kabisa. Wa kwanza anaosha kila asubuhi anapooga, kwa sababu ndivyo wanavyofanya Wazungu anaofanya nao kazi. Wa pili anaosha anapokumbuka. Wa tatu alisuka rasta mwezi wa tisa, akapanga kuzifumua Krismasi, na tangu alipotoka saluni maji hayajagusa ngozi ya kichwa chake.

Wote watatu wanaweza kuwa na malalamiko mamoja: kichwa kinawasha, na unga mweupe unadondoka juu ya koti jeusi la baridi. Kila mmoja ana dawa yake. Mmoja anazidisha shampuu, mwingine anazidisha mafuta, na mwingine anajipigapiga juu ya rasta kwa kiganja cha mkono, akiogopa kuziharibu kwa kujikuna.

Swali la kuosha nywele linaonekana dogo. Lakini nyuma yake kuna watu wanaopoteza nywele zisizorudi tena, na kuna watoto wanaokwenda shule na ugonjwa ambao wazazi wao wanadhani ni mba tu.

Kinachooshwa ni ngozi

Kwanza tukumbuke kwamba ngozi ya kichwa ni ngozi kama ya uso. Ina tezi za jasho na tezi nyingi za mafuta. Seli zake huzaliwa chini, husukumwa juu taratibu, hufa na kubanduka bila sisi kuona. Safari hiyo huchukua takriban mwezi mmoja. Nywele yenyewe iliyokwisha kutoka nje ya ngozi haina uhai. Kwa hiyo anayeuliza aoshe mara ngapi asitazame nywele peke yake, bali aulize pia ngozi iliyo chini yake inasemaje.

Juu ya ngozi hiyo wanaishi fangasi wadogo sana wanaoitwa Malassezia. Wapo kichwani kwa karibu kila mtu mzima, msafi na mchafu, tajiri na maskini. Chakula chao ni mafuta yanayotolewa na ngozi. Wanapoyala huacha asidi, na kwa baadhi ya watu ngozi haivumilii asidi hiyo. Hapo seli huanza kubanduka kwa haraka na kwa mafungu, na ndiyo mba tunayoiona. Ikizidi, ngozi huwaka, hutoa magamba ya mafutamafuta, na hali hiyo inaweza kushuka hadi kwenye nyusi, pembeni mwa pua na nyuma ya masikio.

Kwa maelezo hayo, mba si alama ya uchafu wala haiambukizi. Lakini mafuta, jasho na seli zilizokufa zikiachwa kwa wiki nyingi, fangasi hawa wanapata karamu.

Hapa ndipo lilipo kosa ambalo wengi tumerithi. Tukiona kichwa kina magamba, tunasema kimekauka, tunakipaka mafuta ya nazi, ya habasoda au ya mgando. Kwa siku moja au mbili magamba yanalala na mtu anaona amepona. Siku ya tatu yanarudi, naye anaongeza mafuta. Madaktari wa ngozi wanashauri mwenye mba asipake mafuta mazito kwenye ngozi ya kichwa. Ayapake kwenye nywele zenyewe, hasa nchani, ambako ndiko kwenye ukavu wa kweli.

Kwa nini si kila siku

Mwenye nywele zilizonyooka akikaa siku mbili bila kuosha, mafuta ya ngozi hushuka kwa urahisi kwenye unywele na kichwa kikang'aa. Kwake yeye kuosha kila siku au siku moja baada ya nyingine kunaeleweka.

Nywele za kipilipili hazina njia hiyo iliyonyooka. Mafuta hubaki karibu na ngozi, unywele ukakauka, na kila mahali unapojikunja pana udhaifu wa kukatika. Shampuu ya kila siku huondoa hata mafuta machache yaliyofika kwenye unywele. Ndiyo maana mtu anayeiga ratiba ya wenzake wa kazini huanza kulalamika kwamba nywele zake hazikui, kumbe zinakua na zinakatika.

Chama cha madaktari wa ngozi cha Marekani, American Academy of Dermatology, kinawashauri watu wenye nywele za Kiafrika kuosha mara moja kwa wiki au mara moja kila wiki mbili. Huo ndio mpaka mzuri wa kuanzia kwa wengi wetu.

Mwaka 2021 ulichapishwa utafiti uliosema kwamba kuosha mara tano au sita kwa wiki ndiko kulikowapa watu ngozi ya kichwa na nywele zilizowaridhisha zaidi. Habari hiyo ilienea, na wengine wakaichukua kama amri. Lakini waliochunguzwa walikuwa watu wa Asia, ambao nywele zao si kama zetu, na miongoni mwa waandishi walikuwamo watafiti wa kampuni ya Procter & Gamble, ambayo inauza shampuu. Pamoja na hayo, kuna jambo moja la kujifunza humo. Watafiti waliokuwa kambini Antaktika, ambao walilazimika kupunguza kuosha nywele, walionekana kuwashwa zaidi na kutoa magamba zaidi. Yaani kukaa muda mrefu bila kuosha hakuilindi ngozi ya kichwa.

Jumapili tuliyoiacha nyumbani

Ukitazama vizuri, ushauri huo wa wiki moja au mbili si mgeni kwetu. Nyumbani, misuko ya mistari au twende kilioni haikukaa sana. Jumapili mchana, dada au shangazi alikaa kwenye kiti, msichana akakaa chini kwenye mkeka, nywele zikafumuliwa, kichwa kikaoshwa na kusukwa upya tayari kwa shule. Hakuna aliyetaja fangasi wala tezi, lakini kichwa kiliona maji.

Ughaibuni utaratibu huo umevunjika. Shangazi hayupo. Saluni inadai fedha nyingi, na kusuka rasta kunaweza kumaliza siku nzima ya mapumziko ya mtu anayefanya kazi za zamu. Aliyelipa fedha hizo anataka msuko ukae miezi mitatu, na anaogopa kuulowesha usije ukaharibika. Kwa hiyo tumegawanyika: wenye nywele zilizo wazi wameiga Wazungu wakaosha kupita kiasi, na waliosuka wameacha kuosha kabisa.

Aliyesuka anaweza kuosha bila kufumua. Changanya shampuu na maji kwenye chupa yenye mdomo mwembamba, mimina kwenye mistari ya ngozi, sugua taratibu kwa ncha za vidole, si kwa kucha, kisha suuza mpaka maji yatoke safi. Fanya hivyo kila baada ya wiki mbili, na msuko wa nywele za bandia usizidi miezi miwili. Jambo kubwa ni kukausha mpaka kwenye mizizi. Wanawake wanaovaa hijabu, na wote wanaovaa kofia za baridi, wasifunike nywele mbichi kwa kutwa nzima. Ngozi yenye unyevu na joto chini ya kitambaa huanza kuwasha na kunuka.

Wanaume wenye nywele fupi wana nafasi zaidi. Wanaweza kuosha mara mbili au tatu kwa wiki, hasa wenye kazi za jasho, kwani nywele zao hukatwa kabla hazijakatika. Kwa anayefanya mazoezi kila siku, kusuuza kwa maji peke yake kunatosha katikati ya wiki.

Maji ya huku na baridi yake

Mahali unapoishi pia pana maneno yake. Maji ya London ni magumu, yaani yana chokaa nyingi, wakati ya Glasgow na Manchester ni laini. Ukiosha kichwa kwa sabuni ya kipande katika maji magumu, sabuni hushikana na chokaa ikawa utando mweupe unaong'ang'ania kwenye nywele na ngozi. Wapo wanaouona utando huo wakadhani ni mba. Isitoshe, sabuni ya kipande ni kali kwa ngozi ya kichwa. Shampuu laini haiachi utando wa namna hiyo.

Wakati wa baridi, nyumba zinazopashwa joto usiku kucha huwa na hewa kavu, na ngozi hukauka kweli. Magamba ya ukavu kwa kawaida ni madogo, meupe na makavu. Magamba ya mba mara nyingi ni makubwa zaidi, yana rangi ya manjano kidogo na yana mafuta. Mwenye ukavu apunguze maji ya moto na shampuu kali. Mwenye mba aoshe kwa utaratibu, tena kwa shampuu yenye dawa.

Mojawapo ya dawa hizo ni ketokonazo ya asilimia 2. Maelekezo yake ya kawaida ni mara mbili kwa wiki kwa wiki mbili hadi nne, na iachwe kichwani dakika tatu hadi tano kabla ya kusuuzwa. Wengi huipaka na kuiosha papo hapo, kisha wakasema haifanyi kazi. Kwa nywele zetu zinazokatika kwa urahisi, madaktari huweza kushauri mara moja kwa wiki na kondishena baadaye. Muulize mfamasia.

Si kila muwasho ni mba

Sasa tufike kwenye jambo ambalo mzazi asilichukulie kwa wepesi. Tezi za mafuta za kichwani huamshwa na homoni za balehe, kwa hiyo mba ya kweli si ya kawaida kwa mtoto wa miaka mitano au minane. Mtoto wa umri huo akiwa na magamba, mabaka yaliyonyonyoka, vidoa vyeusi vya nywele zilizokatika kwenye ngozi, au vinundu nyuma ya shingo, fikiria kwanza mapunye, ambayo wenzetu wa Kenya huyaita mashilingi.

Mapunye huambukiza, kupitia vitana, kofia, mashine za kinyozi na vichwa vinavyogusana. Hapa London ugonjwa huu uliongezeka kuanzia miaka ya 1990, na walioathirika zaidi walikuwa watoto weusi. Kuosha hata kila siku hakuutibu, wala krimu peke yake haitoshi, kwa sababu fangasi wa mapunye huingia ndani ya unywele na kwenye shina lake. Unahitaji dawa ya kumeza kwa wiki kadhaa kwa maagizo ya daktari. Shampuu yenye dawa husaidia tu kupunguza uambukizaji. England dawa za daktari kwa watoto chini ya miaka 16 hazilipiwi, na mtoto anaweza kuendelea na shule mara matibabu yanapoanza.

Tatizo kubwa ni aibu. Mama anaogopa kuambiwa hakumtunza mtoto, anamfunga kitambaa au kumvalisha kofia, anamsugua ndimu na mafuta. Wiki zinapita. Mapunye yaliyoachwa yanaweza kuvimba, kutunga usaha na kuacha kovu lisiloota nywele tena. Ndugu msomaji, mapunye hayaji kwa uzembe wa mama, bali kwa kuambukizwa.

Kwa watu wazima nako kuna ishara za kukupeleka kwa daktari. Nywele zinazorudi nyuma kwenye paji la uso na pembeni mara nyingi ni matokeo ya misuko inayovuta. Ukilegeza mapema zinaweza kurudi, ukichelewa hazirudi. Upara unaoanzia utosini na kupanuka, pengine pamoja na maumivu au muwasho, huwapata zaidi wanawake weusi na huua mashina ya nywele moja kwa moja. Mwaka 2019 jarida la New England Journal of Medicine lilichapisha utafiti unaouhusisha na hitilafu katika jeni iitwayo PADI3. Huo nao hautibiki kwa shampuu, na kila mwezi unaopita una gharama yake.

Basi tufanye nini? Anza na mara moja kwa wiki. Kichwa kikitulia, kaa hapo. Nywele zikikauka, sogeza hadi siku kumi au wiki mbili. Magamba yakirudi, punguza mafuta kabla ya kuongeza shampuu. Ukiosha kwa utaratibu kwa mwezi mzima na bado kichwa kinawasha, kinauma au kinanyonyoka, acha kubadilisha chupa na umwone daktari. Na leo jioni kabla mtoto hajalala, mwite chini ya taa, mpanue nywele kwa vidole uitazame ngozi yake.