Kumbukumbu Hutengenezwaje Ubongoni?

Kumbukumbu ni uwezo wa ubongo wa kupokea taarifa, kuzitunza na kuzirejesha zinapohitajika. Ubongo wa binadamu una seli za neva zipatazo bilioni 86, na kazi ya kukumbuka imegawanywa kati ya sehemu zake kadhaa. Ndiyo maana mtu anaweza kupoteza aina moja ya kumbukumbu huku nyingine zikibaki salama.

Taarifa nyingi zinazoletwa na macho, masikio na ngozi hupotea papo hapo. Zile zilizotiliwa maanani huingia katika kumbukumbu ya muda mfupi, ambayo nafasi yake ni ndogo. Mwaka 1956 mwanasaikolojia wa Marekani, George Miller, alieleza kuwa watu wengi humudu kushika vitu 7 hivi kwa mara moja. Anayetajiwa namba ya simu huirudiarudia hadi aiandike. Akisemeshwa kabla hajamaliza, inamtoka.

Ili tukio lidumu, huhitaji hipokampasi, sehemu ndogo iliyojikunja ndani ya ubongo, usawa wa masikio, moja kila upande. Umuhimu wake ulidhihirika kwa gharama kubwa aliyolipa Mmarekani mmoja, Henry Molaison, aliyezaliwa mwaka 1926. Alikuwa na kifafa kikali, na mwaka 1953 daktari mpasuaji William Scoville alimwondolea sehemu za hipokampasi zote mbili pamoja na tishu za jirani. Kifafa kilipungua. Akili yake ilibaki timamu, aliongea vizuri na alikumbuka mengi ya utotoni, lakini matukio mapya hayakukaa tena. Mwanasaikolojia Brenda Milner alimchunguza kwa miaka mingi, na kila walipokutana Milner alikuwa mgeni kwa Molaison.

Milner alimpa pia zoezi la kuchora nyota huku akiutazama mkono wake kwenye kioo tu. Siku hadi siku Molaison alizidi kulimudu, ingawa hakukumbuka kwamba aliwahi kulifanya. Hapo ikabainika kuwa ujuzi wa mikono na mwili, kama kuendesha baiskeli au kusuka ukili, hutunzwa na sehemu nyingine za ubongo, ikiwemo serebelamu iliyo nyuma ya kichwa. Hadi alipofariki mwaka 2008, maandishi ya kisayansi yalimtaja kwa herufi mbili tu, H.M., lakini mchango wake haukuwa na kifani.

Kinachobadilika ubongoni mtu anapojifunza ni miunganiko ya seli za neva, iitwayo sinapsi. Mwaka 1973 Tim Bliss na Terje Lømo walionyesha kwa sungura kwamba sinapsi za hipokampasi zikichochewa kwa nguvu hubaki imara zaidi kwa saa nyingi. Eric Kandel, aliyechunguza konokono wa baharini na kupata Tuzo ya Nobel mwaka 2000, alibaini kuwa kumbukumbu ya muda mfupi hurekebisha sinapsi zilizopo, ilhali ile ya kudumu huhitaji seli kuunda protini mpya na kuotesha miunganiko mipya.

Kadiri muda unavyopita, kumbukumbu huzidi kutegemea gamba la nje la ubongo, na ndiyo sababu utoto wa Molaison haukufutika. Usingizi husaidia mabadiliko hayo. Mwaka 1994 watafiti waligundua kuwa seli za hipokampasi za panya zilizofanya kazi pamoja mchana huamka pamoja tena panya anapolala. Mwanafunzi anayekesha usiku kucha kabla ya mtihani hujinyima msaada huo. Hisia nazo zina nafasi yake: amigdala, iliyo jirani na hipokampasi, huimarisha kumbukumbu za hofu, furaha na msiba.

Kukumbuka ni kulijenga tukio upya, na katika ujenzi huo makosa huingia. Mwaka 1974 Elizabeth Loftus na John Palmer waliwaonyesha watu filamu ya ajali ya magari. Walioulizwa kwa neno lenye kuashiria kishindo kikubwa walikadiria mwendo mkali zaidi, na wiki moja baadaye baadhi yao walidai waliona vioo vilivyovunjika, ambavyo havikuwepo. Hivyo mashahidi wawili wanaweza kutofautiana mahakamani bila yeyote kusema uongo.

Mgawanyo wa kazi kati ya sehemu za ubongo unaeleza pia dalili za ugonjwa wa Alzheimer, ambao huathiri mapema hipokampasi na maeneo yanayoizunguka. Mgonjwa huuliza swali lile lile mara kadhaa asubuhi moja, kisha akasimulia barabara mambo ya ujana wake. Huo si ukaidi wala kurogwa, na si hali ya kawaida ya uzee. Ni ugonjwa wa ubongo, na mwenye dalili hizo anastahili kupelekwa hospitali na kutunzwa kwa subira.