Kimya cha ofisi nacho ni jibu

Swali moja linanirudilia kila wiki, ingawa mimi nilisoma agronomia, si sheria: mwalimu akiweka dosiye ya afektasio, akangoja miaka bila jibu, anaweza kushitaki serikali? Ndiyo, anaweza. Shida ni kwamba wengi wanafika kortini mikono mitupu.

Tuanzie kwa mwalimu. Masisi na Walikale kwa mambo ya elimu ni jimbo moja, Nord-Kivu 3. Mtu anaanza kufundisha na barua ya msimamizi wa shule, mara nyingi ni kanisa. Barua ile hailipi mshahara. Dosiye inapaswa kupanda mpaka kwenye huduma tuliyozoea kuita SECOPE, leo DINACOPE, apewe namba ya matrikile, kisha jina liingie kwenye listi ya malipo kule Kinshasa. Wanaongoja tunawaita NU ama NP. Zamani primu ya wazazi iliwashikilia. Tangu Septemba 2019 shule ya msingi ya serikali ni bure, na ni vizuri, Katiba ya 2006 iliahidi hivyo kwenye kifungu cha 43. Ila kwa NP primu iliisha na mshahara haukuja.

Rafiki yangu mmoja, D6, anafundisha hivyo upande wa Walikale. Dosiye yake imewekwa mara tatu, kila mara anaambiwa "bado iko juu". Nikamuuliza: uko na kopi yenye kashe na tarehe? Hata moja. Basi mbele ya jaji ni kama hajawahi kuomba kitu.

Njo hapa sheria namba 16/027 ya 15 Oktoba 2016, ya korti za kiutawala, inaingia. Kabla ya korti, unamwandikia kwanza mkubwa mwenyewe anayepaswa kuamua. Hiyo ni reklamasio. Akinyamaza miezi 3, kimya chake kinahesabiwa kwamba amekataa, na kukataa kunaweza kushambuliwa. Miezi 3, karibu muda wa maharagi mafupi kukomaa shambani. Na sawa na shambani, kama hukuandika tarehe ya kupanda, hutajua kama mavuno yamechelewa. Angalia pia: kimya kikishakuwa jibu, siku za kwenda korti zinaanza kuhesabiwa. Ukizipitisha, hata haki iliyo wazi haisikilizwi.

Korti gani? Kama aliyenyamaza ni waziri, ni Conseil d'État, Kinshasa, kwa kifungu cha 155 cha Katiba. Kama ni mkubwa wa jimbo, ni korti ya kiutawala ya rufaa. Jaji hatasaini afektasio mahali pa waziri. Anafuta kule kukataa, na ofisi inalazimika kuamua upya. Kwa hasara isiyo ya kawaida, kifungu hichohicho kinaruhusu kuomba fidia, kama hakuna korti ingine ya kuisikiliza.

Kwa karatasi ni rahisi. Kutoka Walikale mpaka Kinshasa ni ndege, na tiketi inapita uwezo wa mtu asiyelipwa. Na Goma ilipoingia mikononi mwa AFC/M23 mwisho wa Januari 2025, kisha Walikale-centre mwezi wa Machi, uongozi wa jimbo ukahamia Beni. Mwalimu wa Masisi apeleke wapi barua? Ndiyo maana mimi naona walimu wa njia moja wachange, watafute wakili mmoja, na kila mtu aje na barua yake.

Rafiki yangu ameandika upya, kopi mbili. Sekretere alipokea moja, akakataa kupiga kashe kwenye ya pili, eti mkubwa hayuko. Tumemwambia asibishane naye. Wisie wa korti anaweza kuipeleka barua na kuandika tarehe mwenyewe, na tarehe hiyo njo tunatafuta. Sasa tunachanga franga ya wisie.