Kutoka Orodha ya Wanyama hadi Mfululizo wa Filamu

Katika mwaka wa 2001 mwandishi wa Uingereza, J. K. Rowling, alitoa kijitabu kiitwacho Fantastic Beasts and Where to Find Them kwa jina la kubuni la Newt Scamander, mapato yake yakiwa kwa ajili ya chama cha hisani cha Comic Relief. Hapo kwanza kilikuwa jina tu: kilitajwa katika riwaya yake ya 1997 miongoni mwa vitabu vya kiada vya shule ya wachawi.

Ndani yake hamna kisa. Wanyama wamepangwa kwa alifabeti, tangu Acromantula hata Yeti, na kila mmoja amepewa alama za X, moja hadi tano, kwa kadiri ya hatari yake. Fani hii ni kongwe. Al-Damiri alipanga wanyama kwa alifabeti katika Hayat al-Hayawan, kitabu cha Kiarabu cha karne ya 14.

Filamu yataka kisa, na orodha haina. Basi kampuni ya Warner Bros. ilipotangaza kazi hiyo mwaka 2013, kilichochukuliwa hasa ni yule mwandishi wa kubuni, ambaye kijitabu kinaeleza maisha yake kwa kurasa chache tu. Katika filamu ya 2016, Scamander afika New York mwaka 1926 na sanduku lililojaa wanyama, na baadhi yao watoroka. Hila hiyo ni njema, kwani kila mnyama wa kusakwa huleta tukio lake. Lakini filamu tatu zilizokusudiwa zikaongezwa kuwa tano, na zile za 2018 na 2022 zikaelemea ugomvi wa Dumbledore na Grindelwald, mambo yaliyotangulia riwaya. Wanyama, isipokuwa qilin wa filamu ya tatu, wakawa pambo. Mapato yakashuka kutoka dola zaidi ya milioni 800 hadi kama milioni 400. Filamu mbili zilizosalia hazikutengenezwa.

Yupo katika orodha hiyo mnyama wa Afrika Mashariki, Nundu, chui mkubwa ajabu ambaye pumzi yake huangamiza vijiji. Kwa Mswahili nundu ni ile nyama iliyotuna mgongoni mwa ng'ombe. Jina lililo karibu zaidi na mnyama huyo ni nunda, mla watu wa hadithi ya Sultani Majinuni, iliyochapishwa na Edward Steere mwaka 1870. Humo paka wa Sultani aachwa ale kuku, kisha ndama, hata ageuke nunda na kuwaua wana wa Sultani mwenyewe. Kijana mdogo atoka kumsaka, akiua punda milia, twiga, kifaru, ndovu, na kila mara mama yake amwambia kwamba siye. Hiyo nayo ni orodha ya wanyama. Ila kila jina ni jibu lililokosewa, na msikilizaji hangoji ila jina lifuatalo.

Nundu wa Scamander aonekana kidogo tu katika filamu ya kwanza, ndani ya sanduku, na kisa chaendelea bila yeye.