Kwaya na programu ya kunyoosha sauti

KWAYA inapotoka Iwawa, makao makuu ya Wilaya ya Makete, na kwenda mjini kurekodi, jambo la kwanza inaloweza kupoteza ni kule kusimama pamoja. Waimbaji waliozoea kusikilizana bega kwa bega huitwa mmoja mmoja, kila mtu na visikilizio vyake masikioni.

Sababu ni ya kiufundi. Auto-Tune, programu ya kunyoosha sauti iliyoingia sokoni mwaka 1997, ilibuniwa na Andy Hildebrand, Mmarekani aliyekuwa akichambua mawimbi ya ardhini katika utafutaji wa mafuta. Hupima mitetemo ya sauti kwa sekunde, kisha huivuta hadi kwenye noti ya kinanda iliyo karibu. Mwimbaji akitoa mitetemo 450, hurudishwa kwenye 440. Lakini huhitaji sauti moja kwa wakati. Ikipewa watu 20 katika kipaza sauti kimoja, huchanganyikiwa. Ilikuwa mwaka 2009 ndipo programu nyingine, Melodyne, ilipoweza kutenganisha noti zinazolia pamoja, na kazi hiyo huchukua muda mrefu.

Si kila sauti iliyo nje ya noti ya kinanda imekosea. Kiongozi anapoita na wenzake kuitikia, huteleza kwa makusudi kati ya noti mbili. Kibena, lugha ya majirani wa Makete upande wa Njombe, ni lugha ambayo kupanda na kushuka kwa sauti hubeba maana. Hata tenzi za Kijerumani zilizoletwa na wamisionari wa Berlin mwishoni mwa karne ya 19 zilipata mwendo wa hapa zilipoimbwa na watu wa hapa. Kinanda hakikuwa na nguvu ya kuwarudisha waumini kwenye mstari, programu inayo.

Athari huonekana Jumapili, pale wanakwaya wanapochezesha midomo huku wimbo uliorekodiwa ukilia spikani. Waumini hubaki watazamaji, kwa kuwa sauti ya spika haiwasubiri wala kuwajibu.

Hata hivyo, teknolojia hii si adui. Huokoa wimbo mzuri ulioharibiwa na noti moja. Kasi ya kuvuta sauti nayo hupangwa: ikiwa ya juu kabisa hutoa sauti ya bandia, kama ile ya Cher katika wimbo wa “Believe” wa mwaka 1998, ikipunguzwa, mtelezo hubaki. Mwalimu wa kwaya ana haki ya kumwambia fundi ni ipi anayoitaka, kabla ya kulipa.